Mpendwa akifa barabarani: jinsi familia inavyodai fidia nchini Kenya

Familia nyingi hupoteza fidia ya mpendwa wao katika vipindi viwili. Cha kwanza ni zile wiki za baada ya mazishi, karatasi zinapokosa kutafutwa. Cha pili ni mwisho kabisa, bima inapokuwa imelipa lakini pesa hazijafika nyumbani. Kesi yenyewe, katikati hapo, huwa ndefu na ya kuchosha, ila ikiwa imeandaliwa vizuri hufika mwisho. Kwa hiyo mwongozo huu unakaa zaidi kwenye vipindi hivyo viwili.

Lishikeni hili kabla ya yote: fidia si hisani ya mwenye gari wala ya kampuni ya bima. Sheria ya bima ya magari, Sura ya 405, inalazimisha gari linalotembea barabarani, pikipiki zikiwemo, liwe na bima ya kuwalinda watu wengine. Anayewafuata mochari na bahasha ya pesa na karatasi ya kutia sahihi hajaja kuwasaidia. Amekuja kununua haki yenu kwa bei ya chini, siku ambayo hamna nguvu ya kukataa. Msitie sahihi karatasi yoyote inayosema mmepokea malipo "ya mwisho", na msimwachie mtu hati yoyote asilia.

Madai ni mawili

Mtu akiuawa kwa uzembe wa dereva, sheria inatoa madai mawili, na kwa kawaida yote mawili huingizwa katika kesi moja.

La kwanza ni dai la marehemu mwenyewe, chini ya Sheria ya Marekebisho ya Sheria, Sura ya 26. Korti hutoa kiasi fulani kwa maumivu aliyoyapata kabla ya kukata roho, na kingine kwa maisha aliyokatiziwa. Kwa maisha yaliyokatizwa, korti zimezoea kutoa karibu Sh100,000. Kwa maumivu, aliyekufa papo hapo hupewa kidogo, na aliyeteseka wodini kwa wiki kadhaa hupewa zaidi. Pesa za dai hili ni mali ya marehemu na hugawanywa kama urithi.

La pili ni dai la wategemezi, chini ya Sheria ya Ajali Zinazosababisha Kifo, Sura ya 32. Hili ndilo kubwa. Linawafaidi mke, mume, wazazi na watoto wa marehemu. Kaka na dada hawamo, hata kama marehemu ndiye aliyekuwa akiwalipia karo. Jambo hili huzua ugomvi mkubwa pesa zinapokuja, kwa hiyo ni afadhali liwekwe wazi kwenye kikao cha familia mapema. Mtoto aliyezaliwa nje ya ndoa ni mtoto kama wengine. Na kama marehemu alikuwa na bima ya maisha, malipo ya bima hiyo hayapunguzi dai hili hata shilingi moja.

Gharama za mazishi huongezwa juu yake. Wekeni risiti za jeneza, mochari, usafiri na chakula kwenye bahasha moja tangu siku ya kwanza. Korti hukubali kiasi cha wastani hata risiti chache zikikosekana, lakini gharama ambayo haikutajwa kwenye hati ya madai hailipwi.

Hatua ya 1: Polisi na mochari

Teueni mtu mmoja wa kushughulikia karatasi, asiyekuwa kwenye kamati ya mazishi. Kazi yake ya kwanza ni kwenda kituo cha polisi kilichoshughulikia ajali na kupata nambari ya OB (kitabu cha matukio cha kituo), jina la afisa mpelelezi na nambari yake ya utumishi. Maafisa huhamishwa, na miaka miwili baadaye afisa huyo ndiye atakayehitajika kortini na faili yake. Bila nambari ya utumishi, kumsaka ni kazi ngumu.

Akiwa hapo apige picha ya gari likiwa bado kwenye uwanja wa kituo: nambari ya usajili, stika ya bima kama ipo, na sehemu zilizogongeka. Magari huachiliwa upesi baada ya kukaguliwa. Aandike pia majina na simu za walioshuhudia. Shahidi wa kando ya barabara, kama mwenye kibanda, mwanabodaboda au abiria aliyenusurika, huwa na thamani kuliko jamaa watatu waliofika baadaye.

Mwili usizikwe kabla ya daktari kuufanyia upasuaji na kujaza fomu ya polisi ya ripoti hiyo. Familia nyingine huomba upasuaji uachwe kwa sababu ya dini au haraka ya mazishi. Uchungu huo unaeleweka, ila bila ripoti, wakili wa bima atauliza kortini mnajuaje kwamba ni ajali iliyomwua. Waislamu na wengine wanaozika siku hiyo hiyo wanaweza kuomba angalau daktari auchunguze mwili kwa nje na kuandika alichokiona.

Kuna hali moja ya kuangaliwa sana. Majeruhi akifa baadaye, iwe wiki tatu hospitalini au miezi miwili nyumbani, rekodi za polisi hubaki zikisema "majeraha mabaya". Rudini kituoni na kibali cha mazishi ili faili ibadilishwe na kuandikwa kifo, na mwombe hospitali muhtasari wa matibabu unaounganisha majeraha ya ajali na sababu ya kifo. Madai mengi ya aina hii hukwama kwa kukosa karatasi hiyo moja tu.

Kisha ombeni abstrakti ya polisi, yaani muhtasari rasmi wa ajali. Isomeni yote hapo hapo kaunta kabla ya kuondoka. Inafaa kuonyesha tarehe na mahali, nambari za magari yote yaliyohusika, jina la dereva, jina la mwenye gari, kampuni ya bima, nambari ya sera ya bima na tarehe inapoanza na kuisha, jina kamili la marehemu, na hali ya uchunguzi. Herufi moja ikikosewa kwenye nambari ya gari, mnaweza kumshtaki mtu asiyehusika kabisa.

Hatua ya 2: Cheti cha kifo

Kibali cha mazishi si cheti cha kifo. Cheti hutolewa na msajili wa vizazi na vifo baada ya kifo kuandikishwa. Hakikisheni jina liko kama lilivyo kwenye kitambulisho cha taifa, na kwamba sababu ya kifo inataja majeraha ya ajali. Majina yakitofautiana kati ya cheti, kitambulisho na abstrakti, rekebisheni sasa. Hati ya kiapo inaweza kueleza kwamba majina mawili ni ya mtu mmoja, lakini kurekebisha kwa msajili kuna uzito zaidi.

Kusanyeni pia vyeti vya kuzaliwa vya watoto wote, cheti cha ndoa ikiwa kipo, na vitambulisho vya wazazi wa marehemu walio hai. Mjane wa ndoa ya kimila asiye na cheti asikate tamaa: barua ya chifu, ushahidi wa wazee waliokuwepo wakati wa mahari, na vyeti vya watoto vyenye jina la baba hutosha mara nyingi.

Hatua ya 3: Jueni muda wenu

Kesi ya fidia ya ajali inatakiwa kufunguliwa ndani ya miaka 3. Hesabuni tangu siku ya ajali, msihesabu tangu siku ya kifo. Hapo mko salama hata mkijibizana na bima kuhusu tarehe.

Gari likiwa la serikali, mna miezi 12 tu. Hii ni sheria tofauti, Sura ya 39, na imewanyima watu wengi haki yao kwa kuwa jirani aliwaambia "miaka mitatu". Gari la kaunti lichukulieni hivyo hivyo. Serikali ikishindwa kesi, mali yake haiwezi kupigwa mnada. Hulipa kwa utaratibu wake baada ya kupewa cheti cha korti, na huchukua muda.

Mazungumzo na bima hayasimamishi saa. Kampuni inaweza kuwajibu kwa upole, ikaomba hati moja baada ya nyingine, hadi mwaka wa tatu upite. Siku inayofuata mtaambiwa dai limepitwa na wakati.

Hatua ya 4: Hati ya kusimamia kesi

Hapa ndipo kesi nyingi hufa kabla ya kuzaliwa. Kuwa mke au baba wa marehemu hakukupi mamlaka ya kushtaki kwa niaba ya mali yake. Lazima kwanza korti imteue msimamizi. Kesi iliyofunguliwa kabla ya hati hiyo kutolewa ni batili, na kuileta hati baadaye hakuiponyi. Mkija kugundua mwaka wa nne, hamwezi kufungua nyingine.

Kwa ajili ya kesi pekee, ipo hati finyu ambayo mawakili na makarani huiita *ad litem*. Hutolewa haraka kuliko hati kamili kwa kuwa haisubiri tangazo la siku 30 kwenye Gazeti Rasmi la Kenya. Mtahitaji cheti cha kifo, barua ya chifu inayowataja wote waliobaki, nakala za vitambulisho, na idhini ya maandishi kutoka kwa wenye haki sawa au kubwa kuliko mwombaji. Mjane au mgane huwa wa kwanza kwenye orodha ya sheria. Mahakama ya hakimu huweza kuitoa.

Barua ya chifu inastahili uangalifu. Wakati mwingine mjane wa pili au mtoto wa mwanamke mwingine huachwa nje, ama kwa hasira ama kwa kutojua. Aliyeachwa anaweza kuja kortini kupinga, na kesi ya fidia ikasimama miaka wakati familia inapigania urithi. Waandikeni wote. Ni haki yao, na pia ndiyo njia fupi.

Hati finyu ina mpaka wake: inawaruhusu kuendesha kesi tu. Kugawa ile sehemu ya Sura ya 26, ambayo ni mali ya marehemu, kunahitaji hati kamili iliyothibitishwa, na uthibitisho kwa kawaida huja baada ya miezi 6. Kukiwa na watoto wadogo, hati kamili inatakiwa iwe na wasimamizi wasiopungua wawili. Basi ianzeni kesi kwa hati finyu na muombe ile kamili huku kesi ikiendelea.

Msimamizi akikataa au akichelewa kushtaki kwa miezi 6 tangu kifo, Sura ya 32 inawaruhusu wategemezi wenyewe kufungua dai lao. Mjane ambaye shemeji zake wameshikilia hati za marehemu akumbuke hilo.

Hatua ya 5: Mtafuteni mwenye gari na bima yake

Abstrakti hutaja mwenye gari, na korti huikubali ikiwa upande wa pili haukuipinga. Lakini wengi huipinga. Kwa hiyo ombeni rekodi rasmi za gari kutoka NTSA, mamlaka ya usafiri na usalama barabarani, kwa nambari ya usajili. Anayeonekana kwenye rekodi hizo huhesabiwa kuwa mwenye gari hadi athibitishe vinginevyo. Matatu na malori huuzwa mkono kwa mkono bila kubadilisha usajili, kwa hiyo mawakili wazoefu humshtaki aliyesajiliwa, aliyelinunua na dereva kwa pamoja, na kuiachia korti iamue nani anabeba mzigo.

Kuhusu bima, mambo haya yajulikane mapema:

- Ulinzi wa lazima una kikomo cha Sh3,000,000 kwa kila mdai. Hukumu ikizidi hapo, kinachobaki kinadaiwa kwa mwenye gari mwenyewe.
- Aliyekuwa anatembea kwa miguu, kwenye baiskeli au kwenye gari jingine analindwa. Abiria wa matatu au wa bodaboda aliyelipa nauli analindwa pia, mradi chombo kina bima ya kubeba abiria.
- Aliyepewa lifti ya bure kwenye gari la kibinafsi huenda halindwi na bima hiyo ya lazima, kwa kuwa sheria hailazimishi bima kumfidia abiria asiyelipa. Mwenye gari bado anaweza kushtakiwa, lakini atalipa kutoka mfukoni mwake, ikiwa anacho.
- Dereva aliyesababisha ajali akafa mwenyewe, familia yake haina dai dhidi ya bima ya gari lake kama mtu mwingine.
- Kisingizio kwamba matatu ilijaza kupita kiasi, au kwamba magurudumu yalikuwa vipara, hakiiondolei bima wajibu kwa mdai. Italipa kisha imfuate mteja wake.

Gari likikosa bima kabisa, chunguzeni mwenyewe ana nini kabla ya kutumia miaka kortini: shamba, nyumba ya kukodisha, magari mengine. Ukweli huu unauma, lakini hukumu dhidi ya mtu asiye na kitu ni karatasi tu. Na gari likigonga na kukimbia, hakuna wa kudaiwa mpaka lijulikane, kwa hiyo kamera za vituo vya mafuta na maduka ya karibu zifuatiliwe ndani ya siku chache, kabla ya picha kufutwa.

Ikiwa alikuwa kazini

Dereva wa kampuni, turnboi au mfanyakazi aliyekufa akiwa kwenye gari la mwajiri ana njia nyingine: Sheria ya Mafao ya Majeraha Kazini ya 2007, inayojulikana kama WIBA. Wategemezi hupata mapato ya miezi 96 ya marehemu. Aliyekuwa akilipwa Sh25,000 kwa mwezi ana Sh2,400,000. Hapa hamhitaji kuthibitisha kosa la mtu. Mwajiri anapaswa kuripoti kwa idara ya usalama na afya kazini, na dai liwasilishwe ndani ya miezi 12. Mwajiri akikaa kimya, nendeni ofisi ya idara hiyo wenyewe. Lori la watu wengine likiwa ndilo lenye kosa, dai dhidi yake linabaki.

Hatua ya 6: Wakili

Mtafuteni wakili ninyi wenyewe. Aliyeletwa na dalali wa mochari ameshaahidi kumgawia dalali, na pesa hizo zitatoka kwenu. Hakikisheni kwenye orodha ya Chama cha Mawakili, LSK, kwamba ana leseni ya mwaka huu.

Makubaliano yawe ya maandishi. Mkataba wa kumlipa wakili ikiwa tu mtashinda haukubaliki chini ya Sheria ya Mawakili, kwa hiyo anayewaambia "tutagawana nusu kwa nusu" tayari amevuka mpaka. Ada yake hufuata viwango rasmi. Pia, mkishinda, upande wa pili kwa kawaida huamriwa kulipa gharama za kesi, na pesa hizo zinafaa kuonekana kwenye hesabu atakayowapa. Msitie sahihi fomu tupu. Kila karatasi mnayosaini, bakini na nakala.

Asiye na uwezo wa kulipia kesi anaweza kuomba korti imruhusu kushtaki kama maskini, bila ada za korti. Huduma ya kitaifa ya msaada wa kisheria, NLAS, iliundwa na sheria ya 2016 kwa ajili ya watu kama hao. Kituo cha Sheria na FIDA-Kenya pia husaidia. FIDA huwashughulikia hasa wanawake.

Hatua ya 7: Notisi, kisha kesi

Wakili huanza na barua ya madai kwa mwenye gari na kwa bima. Kisha inafuata notisi ya kisheria kwa bima kwamba mteja wake ameshtakiwa au atashtakiwa. Notisi hii ni ya lazima na muda wake ni mfupi. Salama ni kuipeleka kabla kesi haijafunguliwa. Mwombeni wakili nakala yenye mhuri wa kupokelewa. Bila mhuri huo bima itasema haikujua, na hukumu yenu haitaigusa.

Hati ya madai itaje kila mtegemezi kwa jina, umri na uhusiano wake na marehemu. Sura ya 32 inataka hivyo. Mtegemezi asiyetajwa hapo huwa na kazi ngumu ya kupata fungu baadaye.

Kesi ya trafiki dhidi ya dereva huendelea kando. Fuatilieni nambari yake. Dereva akipatikana na hatia, hukumu hiyo ni ushahidi mzito sana kwenye kesi ya fidia. Akiachiliwa, kesi yenu haijaisha, kwa kuwa kiwango cha ushahidi kwenye jinai ni cha juu zaidi.

Muda mwingi wa maandalizi utumike kwenye kipato cha marehemu, maana ndicho kinachoamua ukubwa wa fidia. Aliyeajiriwa ana hati za mshahara. Kwa wengine tafuteni taarifa za M-Pesa za miezi 12, daftari la chama, taarifa za sacco, stakabadhi za maziwa au majani chai, leseni ya biashara, na mteja au muuzaji mwenzake atakayesimama kizimbani. Mahakama ya Rufaa ilisema mwaka 2005 kwamba karatasi si njia pekee ya kuthibitisha kazi na kipato cha mtu. Fundi wa jua kali asiye na stakabadhi bado anaweza kuthibitishwa kwa maneno ya watu waliomjua. Ikikosekana namna kabisa, korti hutumia mshahara wa chini wa serikali kwa kazi ya aina hiyo, na kiwango cha miji mikubwa ni cha juu kuliko cha vijijini. Kwa mtoto, au mtu ambaye kipato chake hakijulikani, korti huweza kutoa kiasi kimoja cha jumla.

Hesabu inavyofanywa

Korti huchukua kipato halisi cha mwezi baada ya makato, ikakizidisha kwa 12, kisha kwa miaka ambayo marehemu angeendelea kufanya kazi, iliyopunguzwa kwa sababu maisha yana misukosuko na pesa zinakuja kwa mkupuo. Halafu huchukua sehemu iliyokuwa ikienda kwa familia: kwa kawaida theluthi mbili kwa mwenye mke na watoto, theluthi moja kwa asiyeoa aliyekuwa akiwasaidia wazazi.

Mfano: baba wa miaka 42, kipato Sh30,000, korti ikimpa miaka 15.

30,000 × 12 × 15 × 2/3 = Sh3,600,000
Maisha yaliyokatizwa: Sh100,000
Maumivu: Sh50,000
Mazishi: Sh100,000
Jumla: Sh3,850,000

Korti ikiona marehemu alichangia ajali kwa asilimia 20, labda alivuka barabara kuu ghafla, jumla inashuka hadi Sh3,080,000. Bima italazimika kulipa Sh3,000,000, na Sh80,000 zitadaiwa kwa mwenye gari.

Mfano huu uwasaidie kupima ofa ya nje ya korti. Ofa ya Sh400,000 kwa familia hii ni dharau. Ofa ya Sh2,600,000 ndani ya miezi sita, bila hatari ya kushindwa, inastahili kikao. Kukiwa na watoto wadogo, mapatano ya kesi iliyo kortini yanahitaji ruhusa ya korti.

Hatua ya 8: Hukumu, malipo na mgao

Siku ya hukumu wakili aombe jambo hili, na mumkumbushe wiki moja kabla: korti igawe fidia ya Sura ya 32 kwa kila mtegemezi, jina kwa jina, kiasi kwa kiasi. Sheria inaipa korti mamlaka hayo. Hukumu inayotaja jumla pekee huacha mlango wazi kwa mwenye sauti kubwa nyumbani kuamua. Hukumu inayosema mjane kiasi hiki, mama mzazi kiasi hiki, kila mtoto kiasi hiki, humlinda mnyonge hata akiwa hayupo kwenye kikao.

Upande wa pili una siku 30 za kukata rufaa. Wakikata, korti mara nyingi huahirisha malipo kwa sharti la kuweka dhamana. Ombeni sehemu, hata nusu, ilipwe kwenu moja kwa moja na iliyobaki iwekwe kwenye akaunti ya pamoja ya mawakili yenye riba.

Bima ikikaa kimya baada ya hukumu, inashtakiwa yenyewe kwa kesi ya tamko ili korti iilazimishe kulipa. Mkiwa na notisi yenye mhuri na hukumu, kesi hiyo si ngumu. Lalamikeni pia kwa mamlaka ya bima, IRA. Kampuni ikiwa imeanguka, mfuko wa fidia kwa wenye bima, PCF, hulipa hadi Sh250,000 kwa dai. Kilichobaki kinabaki kuwa deni la mwenye gari.

Malipo kwa kawaida hupitia akaunti ya wateja ya wakili. Kabla hazijaingia, mtaletewa vocha ya kukubali malipo mtie sahihi. Someni kiasi kilichoandikwa, pigeni picha, na andikeni tarehe. Kutoka siku hiyo, hesabuni wiki, msihesabu miezi. Mkiambiwa "bado bima haijatuma", iandikieni kampuni ya bima barua ninyi wenyewe, mkitaja nambari ya kesi na ya dai, muulize imelipa lini, kiasi gani na kwa nani. Barua hiyo ya ukurasa mmoja imefichua mengi.

Wakili anapaswa kuwapa hesabu ya maandishi: fidia, riba, gharama zilizolipwa na upande wa pili, matumizi yake na risiti, ada yake, na salio lenu. Akikataa, mpeni barua yenye siku 14. Zikipita, pelekeni malalamiko kwenye Tume ya Malalamiko Dhidi ya Mawakili, ambako hamlipi chochote, mkiambatisha hukumu, vocha na jibu la bima. Tume hujaribu upatanisho na huweza kulifikisha suala mbele ya Mahakama ya Nidhamu ya Mawakili. Korti ya kawaida pia inaweza kumwamuru atoe hesabu na kulipa. Kutumia pesa za mteja ni jinai, na DCI, idara ya upelelezi wa jinai, hupokea ripoti za namna hiyo.

Fungu la watoto walio chini ya miaka 18 huwekwa benki kwenye akaunti yenye riba kwa amri ya korti. Mlezi anaweza kurudi kortini kuomba sehemu itolewe kwa karo au matibabu, akiwa na barua ya shule au ya hospitali. Mpeni kila mtoto nakala ya hukumu na ya amri ya akaunti, yenye nambari ya kesi, jina la korti na tawi la benki, na nyingine ikae kwa jamaa asiyeishi nyumba hiyo. Mtoto wa miaka 4 leo atazihitaji miaka 14 ijayo, na atakapofika benki na kitambulisho chake kipya ataulizwa amri hiyo.